Suluhu Wakati wa Rufaa Si Kushindwa

Tarehe 6 Juni, 2013, wazee wa Kenya waliopigania ardhi na uhuru wa nchi yao walikusanyika mjini Nairobi kusikiliza tamko la Serikali ya Uingereza. Siku hiyohiyo, mjini London, Waziri wa Mambo ya Nje wa Uingereza, William Hague, alisimama Bungeni akakiri kwamba Wakenya waliteswa na kutendewa unyama mikononi mwa utawala wa kikoloni, na kwamba Serikali yake inasikitika kwa dhati kwa maovu hayo. Pamoja na maneno hayo ilitangazwa fidia ya pauni milioni 19.9, gharama za shauri zikiwa ndani yake, kwa ajili ya wadai 5,228.

Watu wengi hulikumbuka tukio hilo kana kwamba lilikuwa hukumu ya mahakama. Ukweli ni kwamba hapakuwa na hukumu ya mwisho. Hakuna jaji aliyeamuru fidia hiyo ilipwe. Rufaa ya Serikali ya Uingereza ilikuwa bado haijaamuliwa, na ingeweza kwenda upande wowote. Kilichotokea ni kwamba wadai na wadaiwa, wakiwa katikati ya rufaa, walikaa pamoja wakapatana.

Jambo hilo linastahili kutazamwa kwa makini na kila mwananchi mwenye kesi ya madai, kila wakili, na kila kiongozi wa chombo cha umma. Limejengeka miongoni mwa watu wengi wazo kwamba mtu akishakata rufaa, au akishakatiwa rufaa, mlango wa mazungumzo umefungwa, na aliyebaki ni jaji tu. Wazo hilo si la kweli kisheria, na limewagharimu wengi mali, afya na undugu.

Chanzo cha shauri la wazee wa Kenya ni hali ya hatari iliyotangazwa na serikali ya kikoloni mwezi Oktoba 1952, ikaendelea hadi Januari 1960. Katika kipindi hicho wazalendo wa Mau Mau, pamoja na maelfu ya wakulima ambao kosa lao lilikuwa kushukiwa tu, walitiwa kambini bila kufikishwa mbele ya mahakama yoyote. Watu 1,090 walinyongwa. Katika kambi ya Hola, Machi 1959, mahabusu 11 walipigwa mpaka wakafa, na wakubwa wa kikoloni wakadai kwanza kwamba watu hao waliuawa na maji waliyokunywa.

Kwa muda wa nusu karne hakuna aliyewauliza wahanga hao habari zao. Hata katika Kenya huru, marufuku iliyowekwa na mkoloni dhidi ya Mau Mau haikuondolewa hadi mwaka 2003. Mwaka 2009 ndipo wazee watano, kwa niaba yao na kwa kuwafungulia njia wenzao, walipofungua shauri la madai katika Mahakama Kuu ya London. Walikuwa wameteswa kwa namna ambazo kalamu husita kuziandika. Miongoni mwao alikuwamo aliyehasiwa kambini, na alikuwamo aliyenusurika katika mauaji ya Hola. Mmoja wao alifariki dunia mwaka 2010, kabla shauri halijafika popote.

Serikali ya Uingereza haikusema kwamba mateso hayakutokea. Ilijikinga kwa hoja mbili za kisheria. Kwanza, kwamba dhima yote ya serikali ya kikoloni ilihamia kwa Serikali ya Kenya siku ya uhuru, Desemba 12, 1963, yaani waliopigwa wajilipe wenyewe! Pili, kwamba muda wa kudai umekwisha kupita. Kwa mujibu wa sheria ya Uingereza ya ukomo wa madai ya mwaka 1980, anayedai fidia ya kuumizwa mwili anatakiwa kufungua shauri lake katika muda wa miaka mitatu, ingawa sheria hiyo humpa jaji uwezo wa kuuweka kando ukomo huo pale anapoona kwamba haki inadai hivyo.

Wakati shauri likiendelea, jambo kubwa lilifichuka. Mwaka 2011 ilibainika kwamba Wizara ya Mambo ya Nje ya Uingereza ilikuwa imehifadhi kwa siri, mahali paitwapo Hanslope Park, maelfu ya majalada yaliyohamishwa kutoka makoloni wakati bendera zilipokuwa zikishushwa. Kati ya hayo, majalada karibu 1,500 yalihusu Kenya. Humo mlikuwamo barua na taarifa za maofisa wenyewe zilizoonyesha kwamba habari za mateso zilifika kwa wakubwa, na kwamba wakubwa hao hawakuwa wajinga wa yale yaliyokuwa yakitendeka.

Julai 2011 Jaji McCombe aliamua kwamba wazee walikuwa na madai yanayostahili kusikilizwa. Oktoba 2012 akatoa uamuzi wa pili, kwamba licha ya miaka zaidi ya hamsini kupita, bado ingewezekana kuendesha shauri kwa haki kwa kuwa hati zilizobaki zilikuwa nyingi. Kwa hiyo madai ya wazee watatu yaliruhusiwa kuendelea. Serikali ya Uingereza haikuridhika, ikakata rufaa.

Hapo ndipo penye kiini cha fundisho hili. Yafaa kuipima hali ya kila upande ilivyokuwa siku ile.

Wazee walikuwa wameshinda hatua mbili, lakini mikononi mwao hapakuwa na hata senti moja. Ushindi wao ulikuwa ni ruhusa tu ya kusikilizwa. Kama Mahakama ya Rufani ingetengua uamuzi wa Jaji McCombe juu ya ukomo, madai yao yote yangezimika siku hiyo. Kama ingeukubali, Serikali ya Uingereza ingeweza kuomba kibali cha kwenda Mahakama ya Juu. Na hata baada ya rufaa zote hizo, lingebaki shauri lenyewe, lenye mashahidi, majalada na mabishano ya miezi mingi. Wadai walikuwa watu wa umri wa miaka sabini, themanini na zaidi. Kila mwezi uliopita ulipunguza idadi ya watakaoishi kuiona hukumu.

Serikali ya Uingereza nayo ilikuwa na lake la kuogopa. Rufaa ikishindwa, majalada yaliyofichwa kwa miaka hamsini yangesomwa mahakamani siku baada ya siku, ulimwengu mzima ukisikiliza. Jina la taifa linalojisifu kwa utawala wa sheria lingepakwa matope na maandishi ya maofisa wake lenyewe. Tena hukumu ya mahakama ingekuwa kielelezo kwa watu wa makoloni mengine waliotendewa mfano wa hayo.

Kwa hiyo kila upande ulikuwa na cha kupata na cha kupoteza. Rufaa ikasimamishwa ili mazungumzo yafanyike, na matunda yake ndiyo yaliyotangazwa tarehe 6 Juni.

Haifai kuipamba suluhu hiyo kuliko ilivyokuwa. Fedha zilizotolewa, zikitolewa gharama za shauri na kugawanywa kwa wote, zilimfikia kila mdai kiasi cha pauni 2,600 hivi. Hakuna mwenye akili atakayesema kwamba hiyo ni thamani ya uzazi wa mtu uliokatwa kwa koleo, au ya ujana uliooza kambini. Kadhalika, Serikali ya Uingereza iliendelea kukana dhima ya kisheria, na ikaweka wazi kwamba haikusudii malipo hayo yawe kielelezo kwa madai kutoka makoloni mengine. Beberu ni beberu hata anapotoa mkono wa pole.

Lakini upande wa pili wa mizani nao ulikuwa na uzito wake. Wazee walipata kusikia, wakiwa hai, Serikali ya Uingereza ikikiri mbele ya Bunge lake kile ambacho wakoloni walikuwa wakikikana tangu enzi za Hola. Walilipwa wao wenyewe, si wajukuu zao. Na fidia haikuwafikia wale watatu tu waliokuwa mbele ya jaji, bali iliwafikia wenzao zaidi ya elfu tano. Zaidi ya hayo, Uingereza iligharimia mnara wa kumbukumbu ya waliotendewa ukatili, ambao ulifunguliwa Septemba 2015 katika Bustani ya Uhuru mjini Nairobi. Jambo moja ni la kuangaliwa hapa: hukumu ya madai huamuru fedha zilipwe, lakini ni nadra sana hukumu kumwamuru mdaiwa ajute, au ajenge mnara. Mambo hayo hupatikana kwa mapatano tu.

Walikuwapo waliosema wakati ule kwamba wazee waliuza haki yao kwa bei ya kutupa, na kwamba ingefaa wapigane mpaka mwisho. Hoja hiyo ina heshima yake, maana imetoka kwa watu wenye uchungu. Lakini historia imeijibu yenyewe.

Baada ya suluhu ya mwaka 2013, Wakenya wengine zaidi ya 40,000 walifungua shauri jingine katika Mahakama Kuu hiyohiyo ya London, juu ya maovu ya kipindi kilekile, dhidi ya Serikali ileile. Safari hii hapakuwa na suluhu. Serikali ya Uingereza ilipinga hatua kwa hatua, na usikilizwaji ulianza mwaka 2016. Mwaka 2018 jaji mwingine aliamua kwamba muda uliopita ulikuwa mrefu mno, na kwamba isingewezekana tena kuusikiliza upande wa utetezi kwa haki, kwa kuwa watu walioweza kutoa ushahidi walikwisha kufa na kumbukumbu zimefifia. Madai yakatupwa. Watu zaidi ya arobaini elfu walirudi mikono mitupu.

Wananchi hao hawastahili lawama. Si wao walioikataa suluhu, ila ni mwenzao wa upande wa pili aliyekataa kuitoa. Na dhuluma waliyotendewa haikupungua kwa kuwa jaji amesema muda umekwisha. Lakini mfano wao unaonyesha jambo ambalo kila mwenye kesi hana budi kulikumbuka. Mahakama ile ile, kwa kutumia sheria ile ile, katika mambo yanayofanana, ilifikia mwisho mmoja mwaka 2012 na mwisho mwingine mwaka 2018. Hakuna wakili, hata awe bingwa wa namna gani, anayeweza kumwekea mteja wake dhamana ya rufaa. Laiti wazee wa mwaka 2013 wangeng'ang'ania rufaa iendelee, huenda wangeshinda. Na huenda yaliyowapata wenzao mwaka 2018 yangewapata wao pia. Wahenga walisema kwamba heri nusu shari kuliko shari kamili.

Fundisho hilo halihusu London peke yake. Linahusu pia mahakama za Tanzania, na linahusu zaidi mashauri ya kawaida ya wananchi wa kawaida: mpaka wa shamba, nyumba ya urithi, deni la biashara, fidia ya ajali, mkataba uliovunjika.

Sheria za Tanzania hazina kigugumizi juu ya suala hili. Katiba ya nchi, katika Ibara ya 107A iliyoingizwa kwa marekebisho ya mwaka 2000, inazitaka mahakama zikuze na kuendeleza usuluhishi baina ya wanaohusika katika migogoro, na zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, katika Amri yake ya 23, inasema kwamba wadaawa wakipatana kwa njia iliyo halali, mahakama itayaandika mapatano yao katika kumbukumbu zake na kutoa hukumu kwa mujibu wa mapatano hayo. Mwaka 1994 kanuni za sheria hiyo zilirekebishwa ili mashauri yapitishwe kwanza katika usuluhishi kabla ya kuanza kusikilizwa.

Hata kabla ya hapo, taifa lilikwisha kuchagua njia ya mapatano. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 iliweka mabaraza ya usuluhishi wa ndoa. Sheria ya mwaka 1985 iliweka Mabaraza ya Kata. Na tangu marekebisho ya mwaka 2021, kazi ya Baraza la Kata katika migogoro ya ardhi ni kusuluhisha tu. Halitoi tena hukumu. Mwenye mgogoro wa ardhi hupita hapo kwanza, na baraza lisipofaulu kuwapatanisha katika siku 30 ndipo mlango wa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya humfungukia.

Tatizo ni kwamba juhudi zote hizo zimewekwa mwanzoni mwa safari. Usuluhishi usipofaulu pale mwanzo, watu hudhani kwamba nafasi yao imekwisha. Hukumu hutolewa, aliyeshindwa hukata rufaa. Shauri lililoanzia Mahakama ya Mwanzo laweza kupanda hadi Mahakama ya Wilaya, kisha Mahakama Kuu, na mwisho Mahakama ya Rufani ya Tanzania, iliyoundwa mwaka 1979 baada ya kuvunjika kwa Jumuiya ya Afrika Mashariki na mahakama yake ya rufaa. Katika ngazi zote hizo hakuna sheria inayowakataza wadaawa kuzungumza. Mrufani ana hiari ya kuiondoa rufaa yake. Wote wawili wana hiari ya kuandika hati ya mapatano, kutia saini, na kuiwasilisha mahakamani. Mahakama ikiridhika kwamba mapatano ni halali, huyaingiza katika kumbukumbu na kuyapa nguvu ya hukumu.

Tena, kwa namna fulani, wakati wa rufaa ndio wakati ulio bora zaidi wa kupatana. Mwanzoni mwa shauri kila mtu anajiona kuwa ana haki yote, kwa maana hajasikia lolote ila maneno yake mwenyewe na ya wakili wake. Ifikapo rufaa, ushahidi umekwisha kutolewa. Nyaraka zimeonekana. Mashahidi wameulizwa maswali mbele ya watu. Jaji au hakimu ameandika sababu za uamuzi wake. Aliyeshinda ameuona udhaifu wa kesi yake, hata kama hausemi hadharani; na aliyeshindwa amejua ni wapi hoja yake ilipopwaya. Mapatano ya wakati huo husimama juu ya ukweli uliokwisha kujulikana. Ndivyo ilivyokuwa kwa wazee wa Kenya: bila ya maamuzi mawili ya Jaji McCombe na bila ya majalada ya Hanslope Park, Serikali ya Uingereza isingeketi nao meza moja.

Mathalan, ndugu wawili wanagombea shamba la ekari sita aliloacha baba yao. Mahakama imempa mkubwa shamba lote. Mdogo amekata rufaa. Wakisubiri rufaa, mkubwa hawezi kupanda mikorosho kwa utulivu, kwa sababu hajui kama ataivuna. Mdogo hawezi kujenga mahali pengine, kwa sababu fedha zake zinakwenda kwa wakili, kwa nauli na kwa kunakili mwenendo wa shauri. Watoto wao hawasalimiani njiani. Akifa mmoja kabla ya rufaa kuamuliwa, kesi hurithiwa kama madeni yanavyorithiwa. Na siku hukumu itakapotolewa, mmoja atachukua yote na mwingine atakosa yote, kwa kuwa rufaa haina kipimo cha undugu. Lakini wakiketi, waweza kuandikiana kwamba mkubwa abaki na ekari nne zenye nyumba na kaburi la baba, mdogo achukue mbili za bondeni, na kila mmoja abebe gharama zake. Mahakama, kwa kufuata kumbukumbu na sheria, isingeweza kwa urahisi kuligawa shamba kwa namna hiyo. Wenyewe wanaweza, kwa sababu wanajua ni mti gani ulipandwa na nani.

Pamoja na hayo, suluhu ina masharti yake, na asiyeyazingatia hujikuta amebadilisha dhuluma moja kwa dhuluma nyingine.

Sharti la kwanza ni hiari. Mtu asiye na uwezo wa kuendelea na rufaa, aliyetishwa kwamba atafilisiwa kwa gharama, hakupatana, amesalimu amri. Mwenye nguvu anayemsubiri mnyonge achoke ili amtupie makombo anatumia rufaa kama rungu. Mahakama inayoletewa hati ya mapatano haina budi kujiridhisha kwamba kila mmoja anaelewa alichotia saini. Lugha nayo ina sehemu yake hapa. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yaliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, hakuna sababu ya mkulima kuweka dole gumba katika karatasi asiyoweza kuisoma.

Sharti la pili ni maandishi na kumbukumbu ya mahakama. Mapatano ya mdomo yaliyofanyika chini ya mwembe ni mazuri, lakini rufaa ikiachwa mahakamani bila kuambiwa, mmoja anaweza kugeuka siku ya kusikilizwa na kukana kila kitu. Mapatano yakiingizwa katika kumbukumbu huwa hukumu, na hukazwa kama hukumu nyingine. Yafaa pia ifahamike kwamba hukumu ya mapatano haikatiwi rufaa chini ya sheria ya mwenendo wa madai. Basi apatanaye na apatane akijua kwamba amefunga mlango, isipokuwa pale itakapothibitika kwamba kulikuwa na ulaghai au sababu nyingine nzito ya namna hiyo.

Sharti la tatu ni kutowauza wasiokuwapo. Msimamizi wa mirathi hana haki ya kugawana na mshindani wake mali ya yatima. Sheria inataka mapatano yoyote yanayofanywa kwa niaba ya mtoto katika shauri yapate kwanza idhini ya mahakama, na sharti hilo halikuwekwa kwa mapambo. Wakili naye hana mamlaka ya kuipunguza haki ya mteja wake kwa siri na kumletea habari baadaye.

Sharti la nne ni kutambua mipaka. Suluhu inayozungumzwa hapa ni ya mashauri ya madai. Aliyembaka binti, au aliyempa mimba mwanafunzi, hana cha kupatana na wazazi kwa ng'ombe wawili na blanketi. Huo ni uhalifu dhidi ya jamii nzima, na wanaoumaliza nyumbani wanashiriki katika uovu. Neno suluhu lisitumike kufunika jinai.

Limebaki suala la vyombo vya umma, na hapa pana ugonjwa unaostahili kusemwa wazi. Idara ya serikali, halmashauri au shirika la umma linaposhindwa katika shauri la madai, mara nyingi hukata rufaa hata pale ambapo wanasheria wake wenyewe wanajua kwamba hukumu ni sahihi. Sababu si ugumu wa sheria. Sababu ni hofu. Ofisa anayekata rufaa mpaka mwisho akashindwa, haulizwi na mtu, kwa kuwa ni mahakama iliyoamua. Ofisa anayekubali suluhu ya nusu ya deni hutiliwa shaka kwamba amekula rushwa. Kwa hiyo aliye mwangalifu huchagua njia iliyo salama kwake ingawa ni ya hasara kwa umma, na wakati huo huo riba inazidi kupanda juu ya deni ambalo mwishowe litalipwa kwa jasho la mkulima na mfanyakazi.

Hofu hiyo haiondoki kwa hotuba. Huondoka kwa utaratibu. Suluhu za vyombo vya umma zikiandikwa pamoja na sababu zake, zikipitiwa na wanasheria wa serikali, zikafanywa kwa ngazi inayojulikana na kuweza kukaguliwa, ofisa mwaminifu atakuwa na ngao, na mla rushwa atakosa giza la kujifichia. Vilevile kipimo cha mwanasheria wa umma kiwe ni hasara aliyoiepusha, wala si idadi ya rufaa alizopigana.

Mawakili wa kujitegemea nao wana wajibu. Wapo wengi wanaowashauri wateja wao kwa uaminifu kwamba sasa inatosha. Lakini wapo pia ambao kila hukumu kwao ni mwanzo wa ankara mpya. Wakili anayemsukuma mteja katika rufaa isiyo na matumaini, ilhali upande wa pili uko tayari kuzungumza, hana tofauti na mganga anayemwambia mgonjwa aliyepona kwamba bado ana jini.

Hapana shaka kwamba rufaa ni haki ya kila mtu, na zipo rufaa ambazo lazima zisikilizwe mpaka mwisho. Penye swali kubwa la sheria linalohusu maelfu ya watu, penye kuonewa kwa dhahiri, au pale ambapo mwenye nguvu anataka kununua ukimya, hukumu iliyoandikwa na majaji na kusomwa mbele ya watu ina thamani ambayo hakuna mapatano yanayoweza kuifikia. Anayekwenda hadi mwisho kwa sababu hizo anawasaidia na wengine. Anayekwenda hadi mwisho kwa ukaidi, au kwa kuona aibu ya kuonekana ameshindwa, hujiumiza mwenyewe na huwajazia majaji meza kwa mambo ambayo yangeweza kumalizwa na watu wawili na karatasi moja.

Wazee wa Kenya hawakuwa waoga. Waliingia msituni wakati wengine walipoinamisha vichwa, na walivumilia kambi ambazo ziliwaua wenzao. Watu wa namna hiyo walipokubali kuketi na mwakilishi wa Serikali iliyowatesa, rufaa ikiwa bado haijaamuliwa, walifanya hivyo kwa kupima: kipi wanacho, kipi wanaweza kukosa, na siku ngapi wamebakiwa nazo. Walitaka kusikia neno la kukiri kabla ya kuingia kaburini, na walilisikia.

Kila mwenye rufaa mahakamani leo na ajipime kwa kipimo hicho hicho kabla ya tarehe nyingine haijapangwa. Na aliye upande wa pili, hasa akiwa ndiye mwenye nguvu, asisubiri mwenzake azeeke. Mlango uko wazi mpaka dakika ile majaji watakapoisoma hukumu. Baada ya hapo, mmoja atakuwa ameshinda na mwingine ameshindwa, na hakuna atakayeulizwa tena alipenda nini.